Kisanduku cha Kamera cha Emojong

Malaba,
Jumatatu asubuhi.

Kwa ndugu yangu Levis,

Mulembe, mwana wa mama. Natumaini barua hii inakukuta mzima, na kwamba kile kikohozi nilichokuacha nacho kimepungua. Blanketi la pili walikuruhusu, au liliishia langoni mwa gereza kama ile sabuni? Mimi sijambo, ila macho yananiwasha kwa kukodolea skrini. Mama hajambo huko Funyula. Mguu unamsumbua baridi ikiingia, lakini mihogo ameipalilia mwenyewe, na usiniulize kwa nini nilimwachia, unamjua alivyo. Nilipomwambia akae chini aliniuliza kama nimekuwa daktari.

Najua Jumamosi ulinitarajia. Nakuona ukiwa kwenye ile benchi, unaangalia mlango, na anayeingia kila mara ni dada wa mtu mwingine. Nisamehe. Sikuwa mgonjwa, wala sikubanwa na wateja. Sababu nitakupa, lakini niache nianze mwanzoni, maana nikianzia mwishoni kalamu haitasonga.

Siku walipokukamata nilikuwepo, unakumbuka. Nilikimbia kutoka dukani na bisibisi bado iko mkononi. Uliwaambia polisi kwamba Jumapili ya Matawi uliondoka yadi ya malori asubuhi, ukafika Funyula mchana, ukala na Mama, kwa hiyo mlinzi, Mzee Emukule, alipoangukia ukingo wa shimo la mafundi wewe hukuwepo. Walisema dizeli ya lori lililoegeshwa hapo kando ilikuwa imenyonywa na kwamba taniboi pekee, msaidizi pekee wa dereva, aliyebaki yadi siku hiyo ni wewe. Ukanyoosha kidole juu ya lango ukasema, "Hiyo kamera iko hapo ya nini? Si muulize kamera?" Levis, nilijivunia. Nilijiambia kwamba mwenye makosa haiti kamera. Nilimwambia Mama hivyo, nikawaambia wanawake wa soko, nikamwambia hata yule dereva wa Nakuru ambaye hakuwa ameniuliza kitu.

Boss Emojong, mwenye yadi, ndiye aliyetuvunja moyo. Aliwaambia polisi kamera ilikufa. Waliingia ofisini kwake, wakaona skrini ni nyeusi, wakaandika kwamba mitambo haifanyi kazi, wakaondoka na wewe.

Sasa niambie, mimi nakula kwa kazi gani? Tangu nimalize chuo, watu wa Malaba wananiletea mashine zilizokufa nami nazifufua, ama nazizika kwa heshima. Nilikaa juma moja nikilia kama mtu asiye na mikono, kisha akili ikanirudia. Nikaenda kwa wakili wako, naye akauliza polisi, nao wakasema hawana haja na chuma kibovu. Nikaenda kwa Emojong. Alinitolea kile kisanduku kinachorekodi picha za kamera chini ya meza, kimejaa vumbi na mavi ya mijusi, akaniambia nichukue tu, na kwamba Mzee Emukule alikuwa mlinzi wake tangu yadi ikiwa shamba la mtama, na kama kuna kitu ndani yake, basi kitoke.

Nilipokuja kukueleza sikuweza kukaa vizuri kwa furaha. Wewe ukaangalia sakafu. Ukasema, "Achana na hiyo story, sista. Hiyo box ilikufa kitambo." Nilikukaripia mbele ya askari, nikakuambia usikate tamaa kama mtoto, kwamba mtu huachwa na ulimwengu akijiacha mwenyewe kwanza. Nilitoka pale nikikuhurumia njia nzima.

Nilipokifungua dukani niliona haraka kwamba kisanduku hakikuwa kimekufa. Kilichokufa ni skrini. Kisanduku kiliendelea kurekodi gizani siku zote hizo bila mtu kujua. Ila diski iliyo ndani, ile inayoshika picha zote, ilikuwa inakata roho. Ukiiwasha ilizunguka kidogo, ikagonga, ikanyamaza, ikagonga tena. Diski ya namna hiyo hutafuti kitu ndani yake. Kila unapoiwasha inaweza kuwa mara ya mwisho. Unaikloni kwanza, yaani unainakili yote ilivyo kwenda kwenye diski nyingine, kila chembe mahali pake, hata zile sehemu zinazoonekana tupu. Kisha unamwacha mgonjwa apumzike na unatafuta kwenye nakala.

Nilipoiunganisha na kompyuta, swali la kwanza lililotokea lilikuwa kama nataka kuifomati. Hapo ndipo wengi huzika mali zao. Kisanduku cha kamera hupanga vitu kwa lugha yake, kompyuta ya kawaida haiielewi, basi inadhani diski ni tupu na inajitolea kuifuta. Mtu anabonyeza ndiyo kwa sababu ndiyo iko karibu. Mimi nilikataa, nikahakikisha mara tatu ni ipi ya kusomwa na ipi ya kuandikwa, kwa sababu ukizikosea hizo mbili unanakili utupu juu ya kitu pekee ulichonacho.

Yote hayo niliyajua, na bado nikafanya ujinga. Nilihitaji diski mpya yenye ukubwa ule ule au zaidi. Nikafanya kama sisi sote wa hapa tunavyofanya, iwe ni mchele, iwe ni vitenge: nikavuka ng'ambo. Kule Uganda kila kitu ni nafuu na kila kitu kiko. Nilipata diski inang'aa, imeandikwa ukubwa mara mbili ya niliotaka, nikaiweka kwenye mkoba na kurudi nikijiona mjanja. Kazi ikaenda siku nzima. Mwishowe mashine ikasema imekamilika. Nikafungua orodha, majina yote ya rekodi yapo, na ukubwa wake ni sawa sawa. Nikampigia Mama hapo hapo. Alipiga vigelegele hadi jirani zake wakaja.

Rekodi chache za kwanza zilicheza vizuri. Malori yakiingia, kuku wa Emojong wakivuka. Baada ya hapo, kila niliyoigusa ilikuwa tupu. Jina lipo, ndani hakuna kitu. Nikachukua kisu nikapasua ganda la ile diski mpya. Unajua nilikuta nini? Kikadi kidogo kama cha simu, kimebandikwa kwa gundi, na kando yake nati kubwa ya chuma, ya kuongeza uzito ili mnunuzi asishtuke. Kilikuwa kinapokea kidogo tu, na mengine yote kinayatupa huku kikisema asante. Mimi, ninayewaonya wateja kila siku kuhusu vitu hivyo! Nilicheka peke yangu, kisha kicheko kikageuka. Nilirudi kwa yule muuzaji na nati yangu mkononi. Akaniambia, "Nnyabo, hata mimi niliuziwa hivyo hivyo." Nadhani hata hakudanganya.

Diski ya zamani ilikuwa imezunguka siku nzima bure, na sasa kugonga kwake kulikuwa kumezidi. Nilitoa diski ya mashine yangu mwenyewe ya dukani, nikaipima kwanza kwa kuiandika hadi mwisho na kuisoma tena, jambo ambalo nilipaswa kulifanya tangu mwanzo. Nikaanza upya. Safari hii waya ndio ulionisumbua. Ukiguswa kidogo, diski inapotea, inarudi, inapotea. Nikautupa waya, nikafungua kompyuta na kuichomeka diski moja kwa moja ndani. Umeme ukakatika, unavyojua Malaba mvua ikikaribia. Nikaazima betri ya sola kwa Sharlyne wa saluni, pamoja na feni yake, maana diski ilikuwa ya moto kama ugali uliotoka jikoni.

Nilitumia programu yenye subira. Inachukua kwanza sehemu nzima, ikifika penye ugonjwa inaruka, haing'ang'anii. Ikishamaliza palipo rahisi inarudi kwenye sehemu mbovu polepole, hata ikianzia nyuma kwenda mbele, inanyakua hapa kidogo na pale kidogo. Na inaweka alama ilipofika, ili umeme ukipotea isianze tena. Nilikaa nayo. Wateja waliniletea simu zao nikawaambia warudi kesho, na kesho nikawaambia hivyo hivyo. Niliomba, Levis. Si maombi ya kanisani, ni yale ya kunung'unika ukiwa umeshika kitu: tafadhali, tafadhali, nipe tu lango, nipe ndugu yangu akitoka nje ya lango.

Wakati huo ndipo Mama Ajiko alipokuja, mke wa Mzee Emukule. Alikuwa amesikia kwamba nina kisanduku cha yadi. Nilidhani amekuja kunitukana, maana mimi ni dada yako. Alikaa kwenye kiti cha wateja, akaniuliza kama nimekula. Kisha akasema kwamba siku ya mazishi walikosa picha ya mume wake, wakakuza ile ya kitambulisho, na hiyo haifanani naye, inafanana na mtu anayedaiwa ushuru. Akaniomba kwamba nikimwona Mzee humo ndani, hata akitembea tu, nimtolee picha moja. "Ukipata yenye anacheka, mwanangu, hiyo ndiyo nataka," alisema. Nilimwahidi. Hakutaja jina lako hata kidogo.

Nakala ilikamilika, isipokuwa sehemu chache zilizokuwa zimekufa kabisa. Diski ya zamani nayo ilizunguka mara moja ya mwisho na haikuamka tena. Nilipochomeka nakala kwenye kisanduku, kikataka kuifuta, basi nikaisomea kwenye kompyuta. Hapo nikakutana na shida nyingine. Kile kibetri kidogo cha saa kilikuwa kimeisha, hivyo kila umeme ulipokatika kisanduku kilirudi kuamini kwamba ni Januari ya miaka mingi iliyopita. Tarehe zote zilikuwa uongo. Nilikuwa na Jumapili nyingi, na sikujua yetu ni ipi.

Wakatoliki ndio walioniokoa. Nilipitisha rekodi haraka haraka hadi nikaona barabara mbele ya lango imejaa watu wenye matawi, na padri mbele yao amevaa nyekundu. Hiyo ni siku moja tu kwa mwaka. Mzee Emukule alikuwa amesimama langoni, amevua kofia. Mama mmoja alimpa jani la mtende. Alilikunja kwa vidole vyake vinene, akalifanya msalaba, akalichomeka kwenye kofia, akaivaa tena, akamchekea mtoto aliyekuwa akimtazama. Nilisimamisha picha hapo. Nikamtolea Mama Ajiko hiyo.

Kisha nikaendelea, nikikutafuta ukitoka.

Maandamano yakapita. Madereva wakatoka mmoja mmoja kwenda kula. Wewe hukutoka. Nikajiambia nimepitiliza, nikarudisha nyuma, nikaangalia tena polepole. Hukutoka. Mawingu yakaja, yadi ikatiwa giza, na ukatokea kati ya malori mawili ukiwa na jerikeni ya njano.

Ulikuwa umejifunika kichwa kwa ile jaketi. Hata ungejifunika gunia ningekujua, ndugu yangu. Nilikubeba mgongoni. Najua unavyovuta suruali kwa kiwiko ukiwa umeshika kitu, umefanya hivyo tangu ukiwa darasa la pili. Mzee alikufuata. Hakuwa na rungu. Alikushika mkono, akawa anaongea, na kwa namna alivyokuwa akitikisa kichwa najua alikuwa anakukanya tu kama mzazi, labda alikuambia urudishe na yaishe. Ukamsukuma. Mara moja tu. Nitasema hivyo mbele ya yeyote, ilikuwa mara moja, na ulipomwona ameanguka ulishika kichwa chako kwa mikono miwili.

Pale diski ilipoharibika, picha inaganda na kuwa vipande vya kijani. Nilikuwa nimepoteza Jumanne nzima, nimepoteza siku mvua ilipong'oa bati la Emojong. Nilitamani sehemu hiyo mbovu ingeangukia uso wako. Kazi yote niliyofanya ili kusiwe na doa, na nikawa naomba doa. Halikuja. Picha ni safi.

Ukakimbia hadi langoni. Kisha ukageuka, ukarudi. Levis, nilipokuona unarudi nilisema kwa sauti, "Ndiyo, mwinue." Nilidhani unamrudia Mzee. Ulirudi kuchukua jerikeni.

Mvua ikaanza. Alilala pale akinyeshewa mpaka madereva waliporudi jioni. Kwa muda mrefu mkono wake ulikuwa unasogea. Niliutazama muda huo wote, kwa sababu niliona ni lazima kuwe na mtu wa kwetu aliyeutazama. Alikufa kesho yake asubuhi, hilo unalijua, na pale hospitali walisema kama angefikishwa mapema angepona.

Ndipo nikakumbuka. Siku chache kabla ya Jumapili ile ya Matawi, ulikuja dukani kuchaji simu ukanichekesha kwamba boss ameweka kamera za kutisha watu na skrini yenyewe ni nyeusi, haionyeshi kitu. Ulijua. Ulinyoosha kidole juu kwa sababu uliamini hakuna kitu huko juu. Na Mama uliyemwambia umefika saa saba, naye akaibeba hiyo saa saba kwa sababu hana saa na ana wewe, yuko tayari kuiapia kwa Biblia.

Hukunihesabu mimi tu.

Mama Ajiko alikuja kuchukua picha yake. Aliishika kwa ncha za vidole asiichafue. Alisema huyo ndiye, huyo ndiye kabisa. Kisha akaona jani kwenye kofia, akaniuliza ni siku gani hii. Nikamwambia sijui, saa ya kisanduku ni mbovu. Akanishukuru. Alinibariki, Levis, akaweka mkono wake juu ya kichwa changu na kunibariki kwa Kiteso, na mimi nimesimama na uongo huo mdomoni. Ndiyo sababu sikuja Jumamosi. Ningekuona umekonda, ningekuona unakohoa, na ningerudi dukani nikaifomati ile diski kwa mikono yangu mwenyewe. Ni kubonyeza ndiyo tu.

Nakupenda. Hilo halijabadilika na halitabadilika, na linaniuma kama jino. Lakini Alhamisi nitaipeleka nakala kwa afisa anayeshughulikia kesi yako, na kabla ya hapo nitapita kwa Mama Ajiko nimwambie picha ile ilipigwa siku gani. Nakupa hizi siku zilizobaki. Mwite wakili, mwambie kabla ya picha kusema. Nimemuuliza bila kumweleza kitu, akasema kumsukuma mtu si sawa na kupanga kumuua, na kwamba anayesema mwenyewe husikilizwa tofauti. Lile la jerikeni sikumuuliza.

Bahasha sijaibandika. Najua hapo langoni wanazisoma barua kabla hazijafika ndani. Afande unayeisoma hii, nakusalimu pia. Nakuomba umfikishie hata hivyo, na umwache akae peke yake kidogo akishaisoma.

Mama anakusalimu sana. Sijaweza kumwambia, nitakwenda Funyula Jumatano nimwambie nikiwa nimemshika. Jana alipiga simu ya jirani akauliza kama lile shati lako jeupe alipige pasi, maana kamera itakutoa na hataki utoke umekunjamana mbele ya watu. Nimemwambia alipige.

Dada yako,
Gentrix